Jokofu Lililogeuziwa Ukutani

Kiwandani hakuna aliyemwita kwa jina lake. Kuanzia mlinzi wa getini hadi mkurugenzi mwenyewe, wote walimwita Zimamoto, na yeye aliitika bila kinyongo kwa sababu jina lilimfaa. Kiwanda kilitengeneza mtindi wa vikombe, mtamu, wenye kifuniko cha bluu. Kila palipotokea la kutokea, iwe nzi ndani ya kikombe, iwe mfanyakazi aliyefukuzwa akaenda kulia redioni, iwe uvumi kwamba mtindi ule unakolezwa kwa unga, Zimamoto ndiye aliyetoka mbele ya kamera akaongea mpaka moshi ukatulia.

Alikuwa mwanamke wa makamo, mfupi, mwenye sauti ya kumbembeleza mtoto alale. Ustadi wake ulikuwa katika maneno yanayosema bila kusema. "Tunalifuatilia suala hili kwa karibu" maana yake hatujafanya kitu. "Afya ya mteja ndiyo kipaumbele chetu" maana yake mwanasheria amekaa chumba cha pili anasikiliza. Lakini alilolipenda kuliko yote lilikuwa neno dogo la "huenda". Ukisema huenda, hujasema uongo, na msikilizaji ameshaondoka na jambo lake kichwani.

Tena alikuwa na kanuni moja ambayo hakumfundisha mtu: msemaji asijue mengi. Anayejua, akiulizwa, ama aseme ama adanganye, na Zimamoto alijihesabu kuwa si mwongo. Kwa hiyo akimwona mtu wa mitambo anakuja na uso wa habari mbaya, aliinua kiganja kabla mdomo wa mwenzake haujafunguka. "Usiniambie. Mpelekee fundi mkuu." Baada ya hapo aliweza kusimama mbele ya waandishi na kusema kwa moyo mweupe kabisa kwamba hana taarifa. Kuna watu hulipa karo ili wajue. Yeye alilipwa mshahara ili asijue, na aliifanya kazi hiyo kwa bidii.

Ajabu ni kwamba aliyemlea hakuwa mtu wa namna hiyo hata kidogo. Mama yake alifariki yeye akiwa bado hajaanza shule, akachukuliwa na shangazi yake, dada wa baba, mwanamke mrefu mwenye duka dogo pembeni ya barabara ya vumbi. Zimamoto alikulia nyuma ya kaunta ile, akiwasomea wateja maandishi ya kwenye makopo kwa sauti kubwa, na watu wakisema mtoto huyu ana ulimi. Shangazi alikuwa na tabia moja iliyomkera sana yule mtoto. Mteja akirudisha mkate ulioota ukungu, Shangazi hakubishana. Alisema, tena watu wote wakisikia, "Ni kosa langu, naomba radhi, chukua mwingine."

"Lakini Shangazi, mkate hukuoka wewe. Kosa ni la mwoka mikate!"

"Kaununua wapi?"

"Kwetu."

"Basi kosa limelala hapa hapa. Fagia huko, acha uwakili."

Mtoto alifagia huku akinuna. Aliona aibu kwa niaba ya shangazi yake, kwamba mtu mzima ajishushe hivyo mbele ya wateja. Labda ndiyo maana alipokua akachagua kazi ya kuhakikisha kosa halilali kwake wala kwa anayemlipa. Hata hivyo alimpenda Shangazi kwa moyo wote. Alipopata kazi kiwandani, jambo la kwanza alilofanya ni kuomba duka lile liwekwe kwenye njia ya gari la mtindi na litundikiwe bango la bluu. Shangazi aliliosha bango hilo kila Ijumaa, utadhani ni la mtu wa familia.

Sasa basi, siku moja habari zilizagaa kwamba watoto wa shule moja ya chekechea wamelazwa hospitali, wanatapika na kuharisha. Walikuwa na sherehe darasani na walichokula wote kilikuwa mtindi wa kifuniko cha bluu. Hakuna aliyefariki, tunashukuru, lakini binti mmoja mdogo alikuwa na hali mbaya, na picha ya mkono wake wenye dripu ilikuwa kwenye kila simu ya mjini.

Kabla ya mchana Zimamoto aliitwa ghorofani. Alipokuwa anapanda ngazi akakutana na dereva wa gari la baridi, lile linalosambaza mtindi madukani, amesimama ameshika kofia kwa mikono miwili.

"Mama, samahani. Kuhusu lile gari langu..."

Kiganja kikapanda chenyewe. "Usiniambie, kaka. Mpelekee fundi mkuu."

Dereva alifunga mdomo. Zimamoto akapita, na ninawaambia kweli, wala moyo haukumdunda.

Ofisini mkurugenzi alikuwa anazunguka meza na mwanasheria amekaa kimya. Waliandika taarifa pamoja, wakifuta na kurudisha. Mwanasheria alitaka ionekane kwamba mtindi uliondoka kiwandani ukiwa salama. Mkurugenzi alitaka ionekane uliharibika kwingine. Kwingine wapi? Hapo ndipo Zimamoto alipoonyesha kwa nini analipwa. Aliandika: "Dalili za awali zinaonyesha kwamba huenda bidhaa hiyo haikuhifadhiwa kwenye baridi inayotakiwa baada ya kumfikia muuzaji wa rejareja."

"Muuzaji gani?" mkurugenzi aliuliza.

"Muuzaji tu. Hatumtaji mtu, kwa hiyo hatumkosei mtu."

Mkurugenzi alicheka kwa mara ya kwanza siku hiyo. "Zimamoto, wewe ni hatari."

Aliisoma taarifa ile kwenye runinga, amevaa kitambaa cha kijivu kichwani, sauti imelainika kwa huzuni ya kiasi. Aliporudi kiwandani watu wa ofisini walimpigia makofi. Nyumbani mumewe alimwambia ameongea vizuri, ila alimwuliza, "Na huyo muuzaji ni nani?" Akajibu, "Hakuna. Ni neno tu." Wakala chakula.

Kesho yake Shangazi akapiga simu.

"Mwanangu, nimekuona kwenye runinga! Umependeza. Kitambaa kile nani kakuchagulia?" Kisha sauti yake ikabadilika. "Yule muuzaji uliyemsema ni mimi. Mwalimu wa chekechea alichukua mtindi kwangu. Kumbe friji yangu imeharibu watoto wa watu."

Wahenga hawakukosea waliposema mchuma janga hula na wa kwao. Zimamoto alibaki ameshika simu. Neno lake lisilo na mtu lilikuwa limepata mtu, na mtu huyo ndiye aliyemnawisha uso na kumsuka nywele akiwa mdogo. Angeweza kusema hapo hapo, "Shangazi, subiri, labda si friji yako." Badala yake, kwa mazoea ya miaka mingi, mdomo ukatoa, "Pole sana, Shangazi. Tunafuatilia."

Alikwenda jioni ya siku hiyo. Duka lilikuwa limefungwa nusu. Mtaa mzima ulikuwa umeangalia runinga na haukuhitaji kutajiwa jina. Wanawake walionunua pale miaka yote walikuwa wanavuka barabara kwenda duka la ng'ambo, wengine wakijikaza kusalimia, wengine wakijifanya wana haraka. Watoto walishamtungia Shangazi jina, Bibi Sumu, na walikuwa wanalitaja wakipita mbio. Nyuma ya duka, uani, lilisimama jokofu, limegeuziwa uso ukutani kama mwanafunzi aliyepewa adhabu. Shangazi alikuwa amelikokota mwenyewe mpaka pale. Ubavuni lilikuwa limekwaruzika kwa kusuguliwa kwa sabuni na brashi ya nguo.

"Jambazi hili," Shangazi alisema, akalipiga teke dogo la kandambili. "Nimelilisha umeme miaka yote hiyo, kumbe linaniwinda! Fisadi mkubwa wewe. Muuaji."

"Shangazi, ni mashine tu."

"Mashine ina roho mbaya kuliko watu." Akakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akaufuta uso kwa upindo wa khanga. "Sikiliza, mwanangu. Shule imeita mkutano wa wazazi. Nataka nisimame mbele yao niombe radhi. Lakini mimi nikianza kulia siwezi kusema. Wewe ndiye mwenye kazi ya maneno. Niandikie."

Kama kulikuwa na mlango wa kutokea, ulikuwa hapo, umefunguliwa wazi. Zimamoto akaupita kando. Alichukua kalamu, akaandika. Aliandika vizuri kuliko alivyowahi kuandika, maana safari hii hapakuwa na mwanasheria wa kumkata. "Nimeishi nanyi, nimewalisha watoto wenu, na leo nimewaumiza kwa uzembe wangu." Shangazi alilia aliposomewa. "Hivyo hivyo," alisema. "Hivyo hivyo kabisa ninavyojisikia."

Usiku huo Zimamoto hakula. Asubuhi alimtafuta dereva, akamkuta chini ya gari lake anagongagonga vyuma.

"Kaka, siku ile ulitaka kuniambia nini?"

Dereva alitoka polepole, akajifuta mikono. Alimwangalia kama anayepima kama anaulizwa kweli. "Mashine ya baridi ilizima asubuhi niliyokwenda kusambaza mtindi ule, mama. Nikapiga simu huku, wakaniambia nisambaze tu, madukani kuna majokofu. Nikazunguka na jua lile mpaka alasiri. Duka la yule mama mrefu lilikuwa la mwisho. Vikombe vilikuwa vya moto mkononi, nikaviingiza mwenyewe kwenye friji yake."

"Kwa nini hukuniambia?"

Swali lilimtoka kabla hajalifikiria. Dereva aliinua tu kiganja chake, cheusi kwa grisi, akakiweka hewani kati yao, kama yeye alivyofanya ngazini. Kisha akakishusha kwa adabu na kurudi chini ya gari.

Sasa alikuwa anajua, na kwa kanuni yake mwenyewe, anayejua ama aseme ama adanganye. Alipanda ghorofani mbio mbio, kifua mbele. Mkurugenzi alimsikiliza mpaka mwisho, akamkaribisha kiti, akamwita dada.

"Dada, inaniuma. Lakini tukisema hilo, kiwanda kinafungwa, na watu wote hawa wanarudi nyumbani. Shangazi yako ni mtu mmoja. Tutamtunza. Tumpe jokofu jipya, kubwa, la milango ya kioo. Kimya kimya, kama zawadi."

Na Zimamoto akatoka pale amekubali! Usiniulize ilikuwaje. Alipanda na hasira, akashuka na jokofu. Mwenyewe alijiambia kwamba ni busara, kwamba kuna watu wengi wa kuwafikiria, kwamba Shangazi angalau atapata kitu. Hizo ndizo njia za kumpaka mtu mafuta kwa mgongo wa chupa, na aliyepakwa kwanza alikuwa yeye.

Jokofu lilifika siku ya mkutano, asubuhi, limefungwa nailoni, na bango la bluu limebandikwa ubavuni. Zimamoto alisimama pembeni wapagazi wakiliingiza. Shangazi alishika mdomo.

"Kampuni inanipa friji mimi? Mimi niliyewaharibia mtindi wao na jina lao?" Akamgeukia mpwa wake, machozi yanamlenga. "Watu wema hawa. Mwanangu, unafanya kazi na watu wema. Wapelekee shukrani zangu, tena waambie nawaombea."

Zimamoto aliitikia kwa kichwa. Aibu ya namna ile hakuwahi kuijua. Ilikuwa afadhali kutukanwa.

Mkutano ulifanyika darasani, wazazi wamekaa kwenye viti vya watoto, magoti yamewafika kidevuni. Ukutani zilibandikwa herufi na picha za wanyama. Binti wa dripu alikuwa ameruhusiwa kurudi nyumbani. Alikaa mapajani kwa baba yake, amekonda, anachezea kifungo cha shati. Shangazi alisimama mbele ya ubao, amevaa gauni lake la misibani, akasoma. Alisoma polepole, kidole kikifuata mstari, na hakulia mpaka mwisho. Alipofika kwenye "uzembe wangu" alirudia mara mbili ingawa iliandikwa mara moja.

Mama mmoja alijifuta macho. Baba wa yule binti akainuka, mwanawe begani.

"Mama, sisi tumekusamehe. Si kila mtu angekuja hapa. Lakini ukweli usemwe: hatutaweza kununua kwako tena. Nina hofu. Niwie radhi."

"Una haki, baba," Shangazi alisema. "Hata mimi nisingenunua kwangu."

Mwalimu, akitaka kupunguza uzito wa jambo, akasema, "Lakini mama, maneno yako yamenigusa. Yamepangwa vizuri mno."

Shangazi akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu balaa lile lianze. Akanyoosha mkono kuelekea nyuma ya darasa, pale Zimamoto alipokuwa amejibanza karibu na kabati la vitabu. "Si yangu. Ni ya binti yangu yule. Mnamwona kwenye runinga. Nimemlea mwenyewe tangu akiwa mdogo kuliko huyo mgonjwa wetu."

Watu wote wakageuka kumtazama. Wengine wakatikisa vichwa kwa heshima. Mama aliyekuwa anajifuta macho akasema, "Mungu akubariki, dada. Ni nadra kupata mtoto wa kumsimamia mzazi hivi."

Zimamoto alisimama. Miguu ilisimama kabla yake. Maneno ya kazini yakamjia yote kwa foleni, kila moja limevaa tai. Dalili za awali. Huenda. Tunaungana nanyi. Akayaacha yapite.

"Mtindi uliharibikia kwenye gari la kiwanda," alisema, na sauti haikuwa ile ya kubembeleza. "Mashine ya baridi ilizima, gari likazunguka juani mpaka alasiri. Ulimfikia shangazi yangu umeshaharibika. Dereva alitaka kuniambia kabla sijasoma ile taarifa. Nikamkataza, ili nisijue. Baadaye nimejua, nikaendelea kunyamaza, nikamwandikia huyu mama radhi ya kosa ambalo si lake. Hana kosa. Mwenye kosa ni kiwanda, na ni mimi."

Baba wa binti alikaa chini taratibu kwenye kile kiti kidogo. Mama aliyemwombea baraka aligeuza uso akatazama picha ya tembo. Mtu mmoja alikuwa amenyanyua simu anamrekodi, na Zimamoto alijua kabla ya jioni mkurugenzi atakuwa ameisikia, na kitambulisho chake cha kazi hakitafungua tena geti. Jambo hilo lilipita kichwani bila kutua. Alikuwa anamtazama Shangazi.

Shangazi aliikunja ile karatasi mara nne, akaitia kwenye mkoba, akasema, "Jamani, kwaherini," akatoka.

Walirudi kwa miguu, mmoja mbele, mmoja nyuma. Zimamoto alijaribu mara mbili kusema "Shangazi", na mara zote mbili mgongo mrefu ule uliongeza mwendo. Barabarani watoto wa mtaa, ambao habari ilikuwa haijawafikia, waliita "Bibi Sumu!" wakakimbia. Shangazi hakugeuka. Aliyestahili kuitwa alitembea hatua chache nyuma, na hakuna aliyemwita.

Dukani Shangazi hakuketi. Alilishika lile jokofu jipya, akalisukuma peke yake mpaka nje ya mlango, akaliacha kibarazani na nailoni yake. Kisha akapitiliza uani. Zimamoto alimfuata, akamkuta amesimama mbele ya lile la zamani, ameweka kiganja juu ya mgongo wake wenye kutu.

"Shika upande huo," alisema. "Tuligeuze."

Wakaligeuza. Lilikuwa zito kuliko linavyoonekana. Mlango ulipotazama tena ua, Shangazi alichukua pembe ya khanga akaanza kulifuta pale alipolikwaruza kwa brashi, taratibu, akizungushazungusha mkono. Alifuta muda mrefu.

"Friji ya watu," alisema mwishowe, bila kumtazama mpwa wake. "Nimeitukana siku zote hizi. Nimeiita jambazi, nimeiita muuaji, nimeipiga mpaka teke." Akafuta tena. "Na wewe nikawa nakusifia."

Zimamoto aliinama, akatia bega lake kwenye ubavu wa jokofu, akangoja Shangazi aseme lini walisukume kulirudisha dukani.